Kelele Si Mlio: Tahakiki ya Kijitabu cha Maelezo ya Kifyonza Vumbi

Si kawaida ya kurasa hizi kuhakiki kijitabu cha kurasa kumi na mbili kinachotiwa ndani ya sanduku la mashine. Aghalabu tunapozungumzia tafsiri huwa tunazungumzia sheria, vitabu vya shule au nyaraka za Serikali. Safari hii tumeonelea ni vyema tushuke kutoka katika ngazi hizo, kwa sababu ya barua tuliyoletewa. Ofisi moja ya umma, ambayo hatutaitaja, ilituandikia kuuliza swali fupi: je, maneno “kelele ya juu” maana yake ni kelele kubwa, au ni sauti nyembamba? Mtu angeweza kulidhania swali hilo kuwa la mzaha wa wanalugha. Lakini nyuma yake kulikuwa na mshahara wa mtu.

Habari yenyewe ni hii. Mfagizi wa ofisi ile, mama wa makamo, alikabidhiwa mashine mpya ya kufyonza vumbi pamoja na kijitabu chake kilichoandikwa kwa Kiswahili. Baada ya miezi michache mota ya mashine iliungua. Katika ukurasa wa tisa wa kijitabu upo mstari usemao: “Ikiwa kisafisha-ombwe kinatoa kelele ya juu, zima mara moja na uruhusu kupoa.” Ofisi ilishikilia kwamba mama huyo alikwisha kuonywa na kijitabu, hakutii onyo, na kwa hiyo gharama za mota zikatwe katika mshahara wake. Yeye alijitetea kwamba kijitabu alikisoma, hiyo kelele ya juu akaingoja, wala haikuja. Alipoulizwa na fundi, “Mama, ilikuwa inalia vipi?” alijibu: “Mwanzo ilikuwa inavuma vizuri, mwanangu. Halafu sauti ikawa nyembamba, kama mtu anapiga mluzi kwa mbali. Siku ya mwisho ikawa inasaga kama kinu cha mahindi, ndipo ikatoa moshi.”

Ndugu msomaji aisome tena kauli hiyo ya mama. Ndani yake mna milio mitatu iliyotofautishwa kwa makini, kila mmoja kwa wakati wake. Kijitabu chenye kurasa kumi na mbili hakina hata mmoja wao. Kina neno moja tu, “kelele”, lililorudiwa mara kumi na nne. Kauli yetu katika tahakiki hii ni kwamba mwenye Kiswahili fasaha katika shauri hili alikuwa mfagizi, na aliyepotoka ni mfasiri. Tutaeleza kwa nini.

Mashine na milio yake

Haifai kuhakiki istilahi za kitu bila ya kukijua kitu chenyewe. Basi tuanze na mashine. Kifyonza vumbi kina mota inayozungusha feni kwa kasi kubwa, aghalabu zaidi ya mizunguko 20,000 kwa dakika. Feni huisukuma hewa nje, na nyuma yake kanieneo ya hewa hupungua; hewa ya chumbani hukimbilia kuziba pengo hilo kwa kupitia mdomo wa mashine na mpira wake mrefu, ikichukua vumbi njiani. Vumbi hubaki mfukoni, hewa hupita katika chujio na kutoka. Katika mashine nyingi za nyumbani na ofisini, hewa ile ile iliyokwisha kuchujwa ndiyo inayopita kwenye mota na kuipoza.

Kutokana na umbo hilo, kila hitilafu ina mlio wake. Mashine nzima huvuma: mvumo mmoja, sawasawa, usiopanda wala kushuka. Mfuko ukijaa au mpira ukiziba, hewa haipiti. Feni hukosa hewa ya kusukuma, kazi yake hupungua, na mota, ikiwa imepunguziwa mzigo, huzunguka kwa kasi zaidi. Hapo mvumo huwa mwembamba. Mtu asiyejua hudhani mashine imepata nguvu, kumbe ndiyo imeanza kujiua, kwani hewa ya kuipoza nayo imekatika. Mashine nyingine huwa na swichi ya joto inayokata umeme yenyewe. Hata hivyo, swichi hiyo haiwezi kuchukua nafasi ya sikio, na si kila mashine inayo.

Mpira ukitoboka au kifuniko kisipokaa vizuri, hewa hupenya kwenye upenyo mdogo na kupiga mluzi. Sarafu, skurubu au kokoto ikiingia hugongagonga. Karatasi ikinasa ndani ya mpira huchakacha kama majani makavu. Mkanda unaozungusha burashi ukiteleza kwa kuwa burashi imesongwa na nywele na nyuzi, hulia mlio mkali, na harufu ya mpira unaoungua hufuata. Beringi zikichakaa hukwaruza, na zikizidi kuchakaa husaga. Kaboni za mota zikikaribia kwisha hutatarika na kutoa cheche. Na mota iliyokwama huguna tu bila kuzunguka. Hapo si suala la kungoja hata dakika moja, maana umeme unaingia na kazi haifanyiki, na kinachobaki ni joto.

Hii ni milio minane au tisa, na kila mmoja una dawa yake. Wa mfuko uliojaa hutibiwa na mfagizi mwenyewe kwa dakika mbili. Wa beringi huhitaji fundi. Wa mota iliyokwama huhitaji kuchomoa plagi kwanza, maswali baadaye. Ukurasa wa hitilafu katika kijitabu chochote cha mashine umewekwa ili kumwezesha mtu asiye fundi kuutambua mlio na kuchagua hatua. Ukiiondoa tofauti ya milio umeuondoa ukurasa mzima, hata kama wino wake umebaki.

Neno “kelele”

Sasa tutazame kilichofanywa na mfasiri. Jedwali lake lina safu tatu: “Tatizo”, “Sababu” na “Suluhisho”. Chini ya “Tatizo” tunasoma “Kelele isiyo ya kawaida”, kisha “Kelele ya juu”, kisha “Kelele ya chini”, kisha “Kelele wakati wa matumizi”, na mwisho “Kelele” peke yake. Ni dhahiri kwamba katika matini ya asili kulikuwa na maneno matano tofauti, na mfasiri ameyatumbukiza yote katika chungu kimoja.

Huenda ikasemwa kwamba “kelele” ni neno linalojulikana na kila mtu, na kwamba mfasiri amefanya vyema kuepuka maneno magumu. Hoja hiyo tunaiheshimu, kwa kuwa wepesi ni sifa mojawapo ya istilahi nzuri. Lakini tujiulize neno hili linajulikana kwa maana gani. Kelele ni sauti isiyotakiwa. Neno hilo halisemi lolote juu ya kitu kinachotoa sauti. Linasema habari za mtu anayeisikia, kwamba amekerwa. Watoto wanapiga kelele, soko lina kelele, jirani analalamikia kelele za redio. Kinyume chake, mlio ni sauti ya kitu jinsi kilivyo: mlio wa kengele, mlio wa bunduki, mlio wa njiwa. Kwa mlio tunakijua kitu. Kwa kelele tunajua tu kwamba tumechoka.

Tena lipo jambo zito zaidi. Methali zetu zinatufundisha nini juu ya kelele? Kelele za chura hazimzuii ng’ombe kunywa maji. Kelele za mlango haziniwasi usingizi. Kwa karne nyingi wazee wetu wametufunza kwamba kelele ni kitu cha kupuuzwa, na kwamba mtu mwenye kazi yake huiendelea na kazi hiyo. Mfasiri anayemwambia mfagizi “ukisikia kelele, acha” anatumia neno ambalo lugha yenyewe imekwisha kulifunga na maana ya “usijali”. Lau angeandika “ukisikia mlio uliobadilika”, msomaji angetega sikio. Mlio uliobadilika ni dalili, na dalili hairuhusu mtu kuendelea na kazi kana kwamba hakuna kitu.

Hatusemi kwamba neno “kelele” lipigwe marufuku katika maandishi ya mashine. Lina mahali pake. Mathalani, kanuni namba 666 ya mwaka 2013 ya Umoja wa Ulaya iliweka kwamba kuanzia tarehe 1 Septemba, 2017 vifyonza vumbi viuzwavyo katika nchi za Umoja huo, isipokuwa aina chache zilizotengwa, visizidi desibeli 80. Jambo linalosimamiwa na kanuni hiyo ni usumbufu kwa masikio ya watu; kwa hiyo kusema “kiwango cha kelele” ni sawa kabisa. Pale tunapopima usumbufu tuseme kelele. Pale tunapotafuta hitilafu tuseme mlio, kisha tuutaje mlio huo kwa jina lake.

Juu, kubwa na nyembamba

Tuje kwenye swali tulilouliziwa. Kiswahili huipima sauti kwa njia mbili, na kina maneno ya kila njia. Kwanza ni nguvu yake: sauti ni kubwa au ndogo. Pili ni wembamba wake: sauti ni nyembamba au nene, na nene mara nyingine huitwa nzito. Msichana mdogo ana sauti nyembamba hata akinong’ona. Mzee ana sauti nzito hata akisema polepole. Katika ngoma za pwani, wapigaji hutofautisha ngoma ndogo na ngoma kubwa kwa njia hiyo hiyo, wala hakuna achanganyaye wembamba wa mlio na nguvu za mkono wa mpigaji.

Lugha ya Kiingereza kwa upande wake hutumia taswira ya kimo kwa jambo hili la pili: sauti nyembamba kwao ni ya “juu”, na nzito ni ya “chini”. Mfasiri aliichukua taswira hiyo nzima nzima bila kuipima katika Kiswahili. Kwetu sisi, mtu akiambiwa “paza sauti juu” ataikuza, hataifanya nyembamba. Kipaza sauti huipa sauti nguvu. Hakiifanyi sauti ya mzee kuwa ya mtoto. Kwa hiyo msomaji wa Kiswahili anayekutana na “kelele ya juu” hana njia nyingine isipokuwa kuelewa “kelele kubwa”. Na jambo la kusikitisha ni kwamba mfuko unapojaa, mashine haipigi kelele kubwa hata kidogo. Mara nyingi mlio wake, huku ukizidi kuwa mwembamba, huonekana kama umepungua, kwa sababu mshindo wa hewa mdomoni umekwisha. Hivyo kijitabu kilimwagiza mama yule angoje kinyume cha kile kilichokuwa kinatokea.

Makosa mengine

Kosa hilo tumelikalia kwa kirefu kwa sababu ndilo lililoleta madhara. Mengine tutayataja kwa ufupi, maana yanafunza.

Katika safu ya “Sababu” imeandikwa: “Kitu cha kigeni kimeingia ndani ya feni.” Tulipomsomea fundi mmoja mstari huu alicheka, akasema kwamba mashine yenyewe ndiyo kitu cha kigeni, sasa ilichoingia ni nini. “Kigeni” katika matumizi yetu ni kilichotoka nchi nyingine: fedha za kigeni, lugha ya kigeni, bidhaa za kigeni. Kokoto ya uani kwetu haina ugeni wowote. Ingetosha kusema: “Kitu kigumu kimeingia kwenye feni, kama vile sarafu, skurubu au kokoto.” Mifano hiyo mitatu inafanya kazi kubwa kuliko kivumishi chochote.

Mstari unaofuata ni wa ajabu zaidi: “Uzazi umechakaa. Wasiliana na fundi.” Tulihitaji muda kugundua kwamba yanayozungumzwa ni beringi. Neno la Kiingereza la kifaa hicho limetokana na kitenzi chenye maana ya kubeba, na pia ya kuzaa. Aliyefasiri, awe mtu aliyefungua kamusi au programu ya kompyuta, alichukua maana isiyokuwa yake. Siku hizi tafsiri nyingi za namna hii hupitishwa katika kompyuta kwanza, na hatuoni ubaya katika hilo maadamu yupo mtu wa kuzisoma kabla ya kuchapwa. Mashine haioni haya. Lakini aliyetia kijitabu sandukuni alipaswa kuona. Mafundi wote wa magari, wa baiskeli na wa pampu wanasema “beringi”, na vidude vya chuma vilivyo ndani yake wanaviita “gololi”. Maneno haya yamekwisha kuingia katika Kiswahili, nasi hatuna sababu ya kuyatafutia wapinzani.

Tatu ni “brashi”. Kijitabu kinaagiza: “Cheche zikionekana, badilisha brashi.” Mashine hii ina burashi mbili zisizohusiana kabisa. Moja ni ile ya manyoya, iliyo mdomoni, inayosugua zulia. Nyingine ni vipande viwili vya kaboni vinavyopitisha umeme kwenye sehemu ya mota inayozunguka. Kiingereza kimezipa zote mbili jina moja, nacho hujitegemeza kwa kuongeza neno la sifa. Mfasiri aliliacha neno hilo la sifa, na matokeo yake mtu atanunua burashi mpya ya zulia huku mota ikiendelea kutoa cheche. Mafundi wetu wamelitatua jambo hili zamani: wao husema “kaboni”, basi. Tunapendekeza “kaboni za mota” kwa kile cha ndani, na “burashi” ibaki kwa kile cha kusugulia.

Nne ni sentensi zenyewe. “Zima mara moja na uruhusu kupoa” ni maneno ya Kiswahili yaliyovaa nguo za kuazima. Kiswahili husema: “Zima mara moja, uiache ipoe.” Pengine, kwa usalama zaidi: “Izime, uchomoe plagi, uiache ipoe.” Maagizo ya usalama hayana haja ya mapambo. Yanatakiwa yaingie masikioni mara moja, hata kwa mtu anayesomewa na mwenzake.

Jina la mashine

Tumeliacha jina la mashine mpaka hapa kwa makusudi, kwa kuwa baadhi ya wasomaji watadhani kwamba ndilo jambo kubwa. Kijitabu kinaiita “kisafisha-ombwe”. Muundo huu wa maneno tunaujua vizuri: kiambishi ki-, kitenzi, kisha nomino. Kipaza sauti hupaza sauti. Kinasa sauti hunasa sauti. Kipimajoto hupima joto. Katika yote matatu nomino ya mwisho ndiyo inayotendwa. Kwa kanuni hiyo, kisafisha-ombwe ni chombo cha kusafisha ombwe, yaani cha kusafisha mahali pasipo na kitu chochote, hata hewa. Sijui nani angehitaji chombo kama hicho. Ombwe, kwa maana yake, limekwisha kuwa safi.

Jina hili lilitokana na kufuata umbo la Kiingereza neno kwa neno, ambamo ombwe ni njia ya kusafisha na si kitu kinachosafishwa. Kiswahili hakina budi kusema ama kinachotendwa ama kazi inayofanywa. Watu wengi wamekwisha kusema “kifyonza vumbi”, na wengine “kivuta vumbi”. Yote mawili ni sahihi kwa muundo. Sisi tunaona “kifyonza vumbi” ni bora kidogo, kwa sababu kuvuta kunaweza kuwa kwa kamba au kwa mkono, na kufyonza ni kuvuta kwa nguvu ya hewa, kama mtoto afyonzavyo, na ndiyo kazi ya mashine hii. Wapo watakaosema kwamba hufyonza pia mchanga, nywele na makombo, kwa hiyo “vumbi” halitoshi. Tunawajibu kwamba jina la chombo hutaja kazi yake kuu tu. Kifungua kinywa hakikomi kwenye kinywa.

Yaliyo mema, na lawama yetu wenyewe

Mhakiki mwadilifu hana budi kutaja na mazuri. Kijitabu hiki kinatumia “plagi”, “swichi”, “waya” na “mota” bila kuyumba, na maneno haya yanaeleweka na kila mtu. Maelezo ya kutomwagia mashine maji yameandikwa wazi. Zaidi ya hayo, kijitabu kimeandikwa kwa Kiswahili. Mashine nyingi zinazoletwa kwetu huja na maelezo ya lugha sita au saba, na yetu haimo. Aliyejaribu na kukosea anastahili heshima kuliko asiyejaribu.

Tena ingekuwa si haki kumtwisha mfasiri mzigo wote. Afungue orodha gani ya istilahi atakayokuta ndani yake “kusaga”, “kuguna” na “kutatarika” kwa maana ya mashine? Sisi tunaofanya kazi ya istilahi tumezoea kuketi na orodha ya maneno ya Kiingereza upande wa kushoto, tukatafuta nomino za kujaza upande wa kulia. Orodha zetu zimejaa majina ya vipuri. Vitenzi ni vichache, na vitenzi vya sauti ni vichache zaidi, kana kwamba mashine zetu ni bubu. Tunamwendea mhandisi mwenye shahada, na twafanya vyema. Lakini ni mara chache kumwendea fundi wa kichochoroni anayeegesha sikio kwenye injini na kusema, “Hii inagonga,” na ni mara chache zaidi kumwendea mfagizi.

Na historia ya mashine hii yenyewe ingetosha kutukumbusha. Mwaka 1901 mhandisi Mwingereza, Hubert Cecil Booth, alipata hataza ya mashine kubwa ya kufyonza vumbi iliyokokotwa kwa farasi. Ilisimamishwa nje ya nyumba na mipira mirefu ikapitishwa madirishani. Lakini mashine ndogo ya umeme, ya kushikwa kwa mkono, iliyopewa hataza mwaka 1908 huko Marekani, iliundwa na James Murray Spangler, ambaye alikuwa mfagizi wa duka katika mji wa Canton, jimbo la Ohio, na ambaye vumbi la ufagio lilikuwa likimsumbua kifuani. Maarifa ya mashine hii yalianzia kwa mtu mwenye ufagio mkononi. Si ajabu basi kwamba na istilahi zake zinapatikana huko huko.

Mapendekezo

Tunawawekea wafasiri, walimu wa ufundi na maofisa ugavi orodha hii ili waijaribu. Si maneno mapya; yote yanatumika mitaani na karakanani. Tulichofanya ni kuyapa kila moja kazi yake.

Mvumo: sauti ya kawaida ya mashine nzima. Hakuna la kufanya.

Mvumo mwembamba: sauti iliyokuwa ya kawaida ikawa nyembamba, ingawa si kubwa. Hewa haipiti. Zima, tazama mfuko, chujio, mpira na mdomo.

Mluzi: hewa inapenya mahali pasipotakiwa. Kagua mpira kama umetoboka na kifuniko kama kimefunga.

Mchakacho: karatasi, jani au kitambaa kimenasa njiani. Zima, uchomoe plagi, ukitoe.

Kugongagonga: kitu kigumu kimeingia. Zima mara moja kabla hakijavunja feni.

Mlio mkali wenye harufu ya mpira: mkanda unateleza. Safisha burashi, mkanda ukiwa umelegea ubadilishwe.

Mkwaruzo, na baadaye kusaga: beringi zimechakaa. Peleka kwa fundi, usiendelee kutumia.

Mtatariko wenye cheche: kaboni za mota zimekwisha. Peleka kwa fundi.

Kuguna bila kuzunguka: mota imekwama. Chomoa plagi papo hapo.

Tunajua kwamba maneno ya sauti hutofautiana kidogo kati ya mahali na mahali, na kwamba kinachoitwa kukwaruza huku huenda kikaitwa kukereza kule. Kwa sababu hiyo tunawaomba wasomaji, hasa walimu wa vyuo vya ufundi, watuletee maneno yanayotumika kwao. Tanakali za sauti nazo zisidharauliwe. Mwalimu anayemwambia mwanafunzi kwamba beringi iliyokufa hulia “krrr” na mpira uliotoboka hulia “fyuu” amefundisha jambo ambalo ukurasa mzima wa maelezo hauwezi kulifundisha.

Kwa waagizaji wa bidhaa na maofisa ugavi tuna ombi moja. Kabla ya kupokea kijitabu cha Kiswahili, mpeni mtu atakayeitumia mashine akisome mbele yenu, kisha mwulizeni angefanya nini mashine ikilia hivi au vile. Jaribio hilo halichukui nusu saa. Likishindikana, kosa liandikwe kwa kijitabu siku ile ile, lisingoje kuandikwa kwa msomaji.

Barua ya ofisi ile tulikwisha kuijibu. Tuliandika kwamba katika Kiswahili “kelele ya juu” haina maana ya sauti nyembamba. Kwamba aliyeielewa kuwa ni kelele kubwa ameielewa kama ilivyoandikwa. Na kwamba kijitabu hicho hakikumwonya mtu yeyote juu ya mlio uliotokea. Uamuzi juu ya mshahara si wa kwetu. Maana ya maneno ndiyo ya kwetu, nasi tumeitaja kwa maandishi, tukatia sahihi na mhuri. Tuliongeza sentensi moja ambayo hatukuulizwa: kwamba mashine ijayo ikinunuliwa, kabla ya kuuliza kijitabu kinasema nini, ofisi imwulize mama yule imelia vipi.